Lita moja, yuniti tatu: kuchagua na kuendesha jenereta ya dizeli

Lita moja ya dizeli imebeba nishati ya kama yuniti 10 za umeme. Jenereta nzuri ya kVA 20 (kVA ndicho kipimo cha ukubwa wa jenereta), ikiwa na mzigo unaoifaa, hukupa yuniti 3 kati ya hizo, pengine na ziada kidogo. Saba zilizobaki hupotea kama joto: sehemu kubwa kwenye moshi, nyingine kwenye maji ya rejeta, na kiasi kwenye mwili wa injini. Jenereta hiyohiyo ikipewa mzigo mdogo mno, itakupa yuniti 2 kwa lita, au hata pungufu ya hapo. Mwongozo huu ni wa mwenye zahanati, gesti, bucha yenye majokofu au karakana, anayetaka jenereta ya kati ya kVA 10 na 60 na hataki mafuta yake yaishie kwenye bomba la moshi.

MOTO UNAVYOGEUKA UMEME

Injini ya dizeli haina plagi ya kutoa cheche. Pistoni ikishuka, hufyonza hewa tupu. Ikipanda, huibana hewa hiyo mpaka ujazo wake ubaki kama sehemu moja ya 17 au 18 ya ule wa mwanzo. Hewa iliyobanwa kiasi hicho hupata joto la zaidi ya nyuzi 500 za Selsiasi. Hapo nozeli hurusha dizeli ndani kama ukungu, na ukungu ule huwaka wenyewe, kwa kuwa dizeli huhitaji nusu tu ya joto hilo ili ishike moto. Gesi inatanuka, inaisukuma pistoni chini kwa nguvu, pistoni inazungusha kranki, na mpando unaofuata unatoa moshi nje. Kila pistoni husukuma mara moja tu katika mizunguko miwili ya kranki.

Shika mambo matatu hapo: hewa ya kutosha, mbano wa kutosha, na ukungu mwembamba. Injini inayotoa moshi, isiyowaka au isiyo na nguvu mara nyingi imepungukiwa na kimojawapo.

Kranki nayo huzungusha rota, ambayo ni sumaku ya umeme iliyo katikati ya koili za shaba. Ncha za sumaku zikipita mbele ya koili, umeme husukumwa ndani ya shaba. Jenereta nyingi za ukubwa huu zina ncha 4 na huzunguka mara 1,500 kwa dakika. Zidisha 4 kwa 1,500, gawa kwa 120, unapata 50: hizo ndizo Hz 50, yaani mawimbi 50 kwa sekunde, za umeme wetu. Zile ndogo zinazopiga kelele sana zina ncha 2 na huzunguka mara 3,000, na ndiyo maana huchakaa upesi. Kwa kazi ya kila siku, chukua ya 1,500.

Wasimamizi ni wawili, na kuwatofautisha kutakuokolea pesa. Gavana huangalia mwendo na kuongeza au kupunguza mafuta. AVR huangalia volti na kuongeza au kupunguza nguvu ya sumaku. Kama Hz ni sahihi lakini volti si sahihi, tazama AVR na waya zake. Kama Hz zimeshuka, shida iko kwenye mafuta, chujio, gavana au mzigo uliozidi, na kuzungusha skrubu ya AVR hakutasaidia kitu. Skrubu hiyo huharibiwa na mafundi wengi kwa sababu hawakupima Hz kwanza. Injini yenye gavana la kawaida, lisilo la kielektroniki, huonyesha kama Hz 52 bila mzigo na hushuka kuelekea 50 mzigo ukijaa. Huo si ugonjwa.

Mitambo mikubwa hufuata kanuni ileile ya kuchoma na kuzungusha, ila pistoni zimewaachia nafasi mapanga ya tabo. Gesi ya Songo Songo ilianza kuchomwa Ubungo mwaka 2004 kwa njia hiyo. Kinyerezi II, yenye megawati 240, huenda hatua moja zaidi: moshi wa moto unaotoka kwenye tabo huchemsha maji, na mvuke wake huzungusha tabo nyingine. Jenereta yako haina namna hiyo ya kuokoa joto. Kwako akiba yote iko kwenye kuchagua ukubwa na kutunza chombo.

KUPIMA MZIGO

Ukubwa ulioandikwa kwa kVA si kilowati. Zidisha kwa 0.8. Jenereta ya kVA 20 ni kilowati 16, na kwa fezi tatu za volti 400 hutoa kama ampea 29 kwa kila fezi. Kwenye kibao chake tafuta pia herufi PRP na ESP. PRP ni uwezo wa kazi ya kila siku. ESP ni uwezo wa dharura, na kwa kawaida huzidi ule wa kwanza kwa kama asilimia 10. Muuzaji atakutajia ile kubwa. Wewe hesabu kwa PRP.

Tuchukue zahanati yenye kisima:

taa 30 za LED za wati 12, wati 360;
jokofu la chanjo na jokofu la kawaida, wati 400;
kompyuta 4 na printa, wati 800;
viyoyozi 2, wati 2,600;
mtambo wa kuchemshia vifaa vya tiba, wati 2,000;
pampu ya kisima ya hp 3, ya fezi tatu, ambayo ikiwa kazini hula kama wati 2,800.

Jumla haifiki kilowati 9. Ukigawa kwa 0.8 ni kVA 11 na ushei, na mtu angeweza kusema kVA 12 inatosha. Haitoshi, kwa sababu ya pampu. Mota inayowashwa moja kwa moja huvuta mkondo mara 5 hadi 7 ya ule wa kawaida kwa sekunde chache za mwanzo. Pampu hii inayotembea kwa kVA 3.5 inaweza kudai zaidi ya kVA 20 inapoanza. Jenereta huweza kuvumilia dai hilo kwa muda mfupi, lakini volti zinazama, kompyuta zinajizima, na kontakta, zile swichi za kuwashia mota, zinaachia. Kwa mzigo huu chukua kVA 20, na washa pampu kabla ya viyoyozi. Au funga kifaa cha kuwasha mota polepole, kile mafundi wanachokiita sofu stata. Bei yake ni ndogo kuliko tofauti ya bei kati ya jenereta mbili.

Hatari nyingine iko upande wa pili. Zahanati hiyohiyo ikiuziwa kVA 45, kilowati 9 zitakuwa robo tu ya uwezo wa mashine. Injini haitapata joto linalotakiwa, ringi za pistoni hazitakaza vizuri kwenye silinda, na sehemu ya dizeli haitaungua. Itachanganyika na oili na masizi na kuchuruzika kwenye ekzosi kama lami. Huko ndiko kuloa kwa injini, na huanza mzigo ukikaa chini ya asilimia 30 siku hadi siku. Ikishaloa, ibebeshe mzigo wa asilimia 70 au zaidi kwa saa kadhaa hadi ekzosi ikauke. Ikiwa umechelewa sana, itabidi kichwa cha injini kifunguliwe. Lengo ni kukaa kati ya asilimia 50 na 80. Ukisita kati ya saizi mbili na ile ndogo inaweza kuwasha mota zako, chukua ndogo.

Usiku zahanati hubaki na taa na jokofu, chini ya kilowati 1. Usiendeshe kVA 20 kwa ajili hiyo. Jenereta ichaji betri mchana ikiwa na mzigo wake wa kazi, usiku inveta ichukue zamu.

Na usisahau kimo cha mahali. Hewa ya Mbeya, mita kama 1,700 juu ya bahari, ni nyepesi kuliko ya Dar es Salaam, na injini isiyo na tabo ya kusukuma hewa hupoteza kama asilimia 1 ya nguvu kwa kila mita 100 kupita kimo alichokitaja mtengenezaji. Nairobi ni vilevile. Dai jedwali la punguzo hilo kabla ya kulipa.

MAHALI NA WAYA

Weka jenereta nje, juu ya zege iliyo sawa, na nafasi ya mita 1 kila upande ili fundi apite. Hewa ya moto inayotoka kwenye rejeta isirudi mbele kufyonzwa tena. Bomba la moshi lielekee mbali na madirisha. Ndani ya moshi huo mna kaboni monoksidi, isiyo na harufu wala rangi. Humlaza mtu kabla hajajua kuwa anakufa. Stoo iliyofunguliwa mlango si nje. Baraza si nje.

Kati ya jenereta na nyumba lazima iwepo swichi ya chenjiova, yenye nafasi tatu: umeme wa gridi, sufuri, jenereta. Kazi yake ni kuhakikisha vyanzo hivyo viwili havikutani hata kwa nukta. Wapo wanaotumia waya wenye plagi za kiume pande zote mbili na kuuchomeka kwenye soketi ya ukutani. Usifanye hivyo. Umeme wako utarudi hadi transfoma ya mtaani, na transfoma haichagui mwelekeo: volti 400 zinazoingia kwa nyuma hutoka upande wa juu zikiwa 11,000 au 33,000. Fundi aliyepanda nguzo akijua laini imezimwa ndiye atakayezipata. Na gridi ikirudi ghafla, jenereta yako itaungua.

Chomeka fimbo ya ethi ya shaba, mita 1.2 au zaidi, mahali penye unyevu, kisha unganisha mwili wa jenereta nayo. Nyutro ya jenereta nayo iunganishwe na ethi, sehemu moja tu. Bila kiungo hicho kifaa cha kukata umeme unapovuja hakitakata, hata ukikinunua cha bei mbaya. Kazi hii mpe fundi mwenye leseni na kipimo cha ethi, asiye wa kukisia.

KUWASHA NA KUZIMA

1. Pima oili kwa kijiti, injini ikiwa imepoa na imesimama sawa. Oili iwe kati ya alama mbili, karibu na ya juu. Kuijaza kupita alama nako ni kosa: kranki huipiga hadi inatoa povu.
2. Fungua kifuniko cha rejeta ikiwa baridi tu. Maji yafike shingoni, na yawe yamechanganywa na kuleanti. Maji matupu ya kisima hujenga magamba ndani ya njia nyembamba.
3. Mwaga maji yaliyokusanyika chini ya chujio la mafuta: legeza kijiskrubu, acha maji yatoke hadi ionekane dizeli safi.
4. Pima betri. Volti 12.6 ni nzima. Chini ya 12.2 ichaji kwanza.
5. Hakikisha breka, yaani swichi kuu ya jenereta, imezimwa.
6. Piga stata kwa muda usiozidi sekunde 10. Isipowaka, subiri nusu dakika. Baada ya mara tatu acha, tafuta kosa. Stata huungua kwa ubishi wa mpigaji.
7. Presha ya oili ipande ndani ya sekunde chache. Isipopanda, zima papo hapo.
8. Iache dakika 3 hadi 5 bila mzigo. Soma Hz na volti kwenye fezi zote.
9. Geuza chenjiova, washa breka, ongeza mizigo mmoja mmoja, mota kubwa kwanza.

Kuzima ni kinyume: punguza mizigo, zima breka, iache izunguke dakika 3 hadi 5, kisha zima. Dakika hizo zinapoza vichwa vya silinda, na kwa injini yenye tabo zinaokoa beringi yake, ambayo bado inazunguka kwa kasi wakati oili inakatika.

MAFUTA

Dizeli iliyochakachuliwa kwa mafuta ya taa huwaka, na hapo ndipo mtego ulipo. Mafuta ya taa hayana utelezi wa kutosha, na pampu ya mafuta pamoja na nozeli hulainishwa na dizeli yenyewe. Zitatembea miezi, kisha zitaanza kuvuja kwa ndani. Mchezo huo ulishamiri kwa sababu mafuta ya taa yalitozwa kodi ndogo. Tanzania ilipandisha kodi yake mwaka 2011 kwa nia ya kuukata. Nunua kituo kimoja unachokiamini, na chukua risiti.

Maji ni adui mkubwa zaidi, na mara nyingi unayatengeneza mwenyewe. Tangi lililoachwa nusu hupumua hewa yenye unyevu, usiku unyevu unageuka matone kwenye kuta na kuteremka chini. Jaza tangi jioni baada ya kazi. Mafuta ya pipa yaache yatulie saa 24, na bomba la kunyonyea lisifike chini kabisa. Acha sentimita 5. Kuyapima, mimina kidogo kwenye chupa ya kioo na uyalaze usiku kucha: asubuhi maji na tope vitakuwa vimejitenga chini. Na usihifadhi akiba ya zaidi ya miezi 6, hasa pwani, kwa kuwa vijidudu huota pale maji na dizeli vinapokutana na kuacha utando mweusi unaoziba chujio.

Tangi likikauka au chujio likibadilishwa, hewa huingia kwenye bomba na injini inakataa. Utoe hewa hivi: legeza skrubu ya juu ya chujio, pampu kwa mkono hadi mafuta yatoke bila mapovu, kaza. Legeza nati za mabomba kwenye nozeli, mzunguko mmoja tu, piga stata sekunde chache hadi dizeli ichuruzike, kaza moja moja. Vaa miwani na usiweke kidole pale: mafuta ya nozeli hutoka kwa presha ya zaidi ya bar 150, hupenya ngozi kama sindano, na jeraha hilo ni la hospitali siku hiyohiyo hata kama linaonekana dogo.

HUDUMA KWA SAA

Mita ya saa ndiyo kalenda yako. Oili ya kwanza ya injini mpya ibadilishwe saa 50, kisha kila saa 250 au mwaka mmoja, kipi kinatangulia, kwa SAE 15W-40 pamoja na chujio lake. Chujio la mafuta pia kila saa 250. Chujio la hewa litazame kila wiki penye vumbi. Ligonge taratibu, usilioshe kwa maji ikiwa ni la karatasi, na usilipulize kwa kompresa kali, kwa maana tundu dogo usiloliona hupitisha mchanga unaokwangua silinda. Fanibelti ukiibonyeza kwa kidole gumba katikati iingie milimita 10 hadi 15. Jenereta inayosubiri dharura iwashwe kila wiki au mbili, dakika 30, ikiwa na mzigo. Kuiwasha bila mzigo kila wiki ni kuiloesha kwa ratiba.

IKIGOMA

Soma moshi. Mweusi ni mafuta mengi kwa hewa chache: chujio la hewa, mzigo uliozidi, au nozeli inayotiririsha badala ya kutawanya ukungu. Wa bluu ni oili inayoungua: ringi au mihuri ya valvu. Mweupe asubuhi kwa dakika chache si neno. Ukidumu, ama dizeli haiwaki kwa mbano hafifu au majira mabaya ya kupuliza, ama maji yanaingia kwenye silinda kupitia gasketi. Rejeta inayopungua bila kuvuja nje itakuthibitishia hilo la mwisho.

Mvumo unaopanda na kushuka kama mtu anayehema, mara nyingi ni hewa kwenye mafuta au chujio linaloziba. Gavana lishuku mwisho.

Injini inanguruma vizuri lakini hakuna umeme? Pima volti kwenye vituo kabla ya breka. Ukikuta volti 5 hadi 15 tu, sumaku ya mabaki (ile kidogo inayobaki kwenye chuma cha rota injini ikizimwa) ipo na AVR au waya zake ndizo zimekatika. Ukikuta karibu na sufuri, sumaku ya mabaki imefifia, jambo la kawaida kwa jenereta iliyokaa miezi bila kuwashwa. Fundi huzima, huchomoa waya za sumaku kutoka kwenye AVR, hugusisha betri ya volti 12 kwa sekunde chache akizingatia chanya na hasi, kisha hurudisha waya na kuwasha. Ukiiacha betri imeunganishwa na AVR, utanunua AVR.

Joto likipanda, angalia kwa mfuatano huu: maji, fanibelti, mapezi ya rejeta yaliyojaa vumbi na nyuzi, kisha themostati. Mara nyingi utaishia kwenye mapezi, na yanaoshwa kwa maji ya kawaida kinyume na mwelekeo wa hewa ya feni.

Funga mita ya yuniti kwenye njia ya kutoka na andika kwenye daftari kila siku: saa, lita, yuniti. Gawa yuniti kwa lita. Ukipata 3 uko sawa, na bei ya yuniti yako kwa mafuta peke yake ni bei ya lita ikigawanywa kwa 3. Linganisha na ya gridi kabla hujaamua kuendesha viyoyozi. Ikishuka chini ya 2.5 na mzigo haujabadilika, anza na chujio la hewa, kisha peleka nozeli zikapimwe kwenye benchi. Zikirudi safi na hesabu bado haijapanda, pima mbano wa silinda. Na ikiwa hata mbano ni mzuri, funga tangi kwa kufuli.